Mawe Nyuma ya Nyumba

Jirani yangu Nilda alikuwa na dirisha. Mimi pia nilikuwa na dirisha, lakini langu lilitazama mapipa ya mafuta. La Nilda lilitazama njia ya pengwini.

Kila siku alasiri pengwini walitoka baharini wakapanda kwenda kilimani kwenye viota vyao. Walipita chini ya jiko la Nilda, mmoja nyuma ya mwingine, mikono imenyooka kama watoto wanaosubiri kukaguliwa kucha. Nilda alikaa dirishani na kibuyu chake cha mate, ile chai chungu ya majani ya kwetu, akinywa taratibu, akiwatazama kama mwenye mali.

Tulikuwa familia tisa katika kituo kile cha Antaktika. Sisi tulitoka Chaco, kwenye joto la kutoa mafuta puani. Mume wangu Osvaldo alikuwa fundi wa jenereta. Mkataba ulikuwa wa mwaka mmoja na zaidi kidogo. Tulifika Januari, na binti yetu Abril alikuwa na miaka saba.

Abril akitoka shule hakuvua hata kofia.

"Mama, naenda kwa shangazi Nilda."

Shangazi. Baba yake Abril hana dada hata mmoja.

"Umekula?" nilimuuliza.

"Nitakula kwa shangazi."

Nilimwona akivuka theluji mbio, na moyo ulinichoma. Watoto wa Nilda walikuwa wavulana wakubwa, wako Córdoba kwenye masomo. Alipenda sana kupata msichana wa kumsuka nywele. Sasa alikuwa na wa kwangu.

"Unamwonea wivu Nilda," Osvaldo aliniambia siku moja.

"Wivu wa nini? Mimi nina mtoto. Yeye ana dirisha."

"Basi mbona unakaanga maandazi kila siku saa tisa, mlango wazi, na nje baridi inaua?"

Nikageukia jiko. Mtu akikupata pabaya, unakoroga sufuria.

Mwezi wa Machi pengwini waliondoka kwenda baharini. Bahari ikaganda na baridi ikatufungia ndani. Kwa wengine ulikuwa msimu mgumu. Kwangu ulikuwa mzuri, maana nilimpata mwanangu. Tulicheza karata, tulifuma soksi, na jina la shangazi lilipungua mdomoni mwake.

Kisha Septemba, tukiwa mlangoni pa shule, Nilda akamwinamia Abril.

"Wageni wangu wanarudi mwezi ujao. Umeshaandaa daftari la kuwachora?"

"Nimeandaa mawili," Abril alisema.

Wageni wangu! Nilirudi nyumbani nimeuma meno. Nikajiambia kwamba mwaka huu wageni watakuja kwangu.

Nilijua pengwini wanapenda nini. Nilda mwenyewe alikuwa amemweleza Abril, na Abril alinieleza mimi. Dume hampi jike maua. Anampa jiwe. Viota vyao ni mawe matupu, madogo kama mayai ya kware, yaliyopangwa duara. Kwa jiwe zuri pengwini atapigana, na ataiba kwa jirani bila haya.

Siku ya kwanza tulipofika kituoni tuliambiwa sheria. Msiwaguse pengwini, msiwalishe, msiwasogelee, msihamishe kitu chochote mahali pao. Niliikumbuka vizuri. Lakini nilijiambia kwamba kilima ni kitupu, pengwini hawapo, na jiwe ni jiwe tu. Nikachukua ndoo. Nilikwenda mara tatu, nikachota mawe kwenye maduara ya mwaka jana, nikayamwaga nyuma ya nyumba yetu. Nilichagua mahali pazuri palipokingwa upepo, hatua nne tu kutoka mlango wa nyuma.

Oktoba pengwini wakaja, wakitembea juu ya barafu kutoka mbali. Wa kwanza walipita bila kugeuza shingo. Wa pili hivyo hivyo. Siku kumi na tano nilichungulia, na Nilda akawa na dirisha lake na mwanangu ndani yake. Halafu wakaja wawili wadogo waliochelewa, walioonekana hawajui waende wapi. Dume akayaona mawe yangu. Akasimama, akainua mdomo juu, akapiga kelele kama bawaba isiyotiwa mafuta.

Abril aliacha chakula mezani.

"Mama, wametuchagua sisi," alinong'ona.

Nilipaswa kusema neno pale. Nilimkumbatia tu.

Tangu siku hiyo Abril alishinda nyumbani. Alifungua mlango wa nyuma mara ishirini kwa siku, awaone vizuri. Aliwaita Bwana na Bibi Koti. Katikati ya Novemba Bibi Koti akataga mayai mawili, akaenda baharini kula, Bwana Koti akabaki anaatamia. Nilda alikuja na kibuyu chake, akasimama jikoni kwangu, akatazama.

"Kumbe wamehamia kwako," alisema.

"Si unajua, jirani. Ndege hujua penye nyumba ya amani."

Nilda akafyonza kibuyu chake. Uso wake ulisinyaa kidogo. Nasema kweli, nilifurahi. Siku ile hata mapipa ya mafuta niliyaona mazuri.

Wiki iliyofuata alipita Daktari Ludmila Ponce. Yeye ndiye mtafiti wa ndege kituoni, mwanamke mfupi, mpole, anayehesabu viota kila mwaka. Aliingia kwa mlango wa mbele, akachungulia kioo cha nyuma. Hakutabasamu.

"Nani ameweka mawe hapa?"

"Wenyewe," nilisema.

"Wameyatoa wapi, Mama Abril? Hapa nyuma ni theluji tupu."

Osvaldo akanitazama. Abril akanitazama. Mficha uchi hazai, wanasema, na mimi maji yalikuwa yamenifika shingoni.

"Niliyaleta mimi," nikasema. "Kutoka kilimani. Septemba, hapakuwa na mtu."

"Hapakuwa na pengwini," Daktari alisema. "Lakini mahali pana wenyewe. Dume hurudi pale pale alipojenga mwaka jana. Mwaka huu nimewaona wawili wamesimama penye viota vyao, hawana jiwe hata moja. Wameanza kuwaibia majirani. Wamepigwa mpaka wametoka damu."

"Hawa nao wamepata mawe," Osvaldo alinitetea. "Tena hapa hawapigwi na upepo."

"Hapo ndipo kosa lilipo, Baba Abril. Sisi tunaukimbia upepo, pengwini anautafuta. Unajua kwa nini wanajenga juu ya kilima, penye baridi kali?"

"Sijui."

"Kwa sababu upepo unapeperusha theluji. Mahali pakavu ndipo yai linaishi. Nyuma ya nyumba upepo haufiki, kwa hiyo theluji inajikusanya. Ikiyeyuka, maji yanaingia kiotani. Mawe yanainua yai kidogo, lakini hayatoshi maji yakiwa mengi. Yai likilala ndani ya maji ya barafu linakufa. Pengwini wazoefu wamepaona hapa, wakapita. Hawa ni vijana. Huu ni uzazi wao wa kwanza."

Akaonyesha rundo la theluji lililokuwa upande wa juu wa kiota.

"Na lile rundo?"

Osvaldo akakuna kichwa. "Mimi. Nikisafisha njia natupa huko."

"Mnafungua mlango huu mara ngapi kwa siku?"

Daktari akaonyesha juu ya pipa la mafuta. Ndege mkubwa wa kahawia alikuwa ametua pale, shingo ameikunja. Tulimjua. Ni skua, mla mayai.

"Yupo hapo tangu lini?"

"Tangu wiki iliyopita," Abril alisema.

"Anangoja mlango wenu. Mkifungua, baba anashtuka, anasimama. Siku moja atasogea hatua mbili tu, na skua atakuwa ameshachukua yai."

Abril alikuwa ameshika pazia. Alizungumza bila kunigeukia.

"Kwa hiyo hawakutuchagua."

Nimetukanwa mara nyingi maishani. Hakuna lililoniuma kama hilo.

"Tuwahamishe?" Osvaldo aliuliza.

"Msiguse kiota, wala msirudishe mawe sasa. Mtavuruga na wa kilimani. Fungeni mlango wa nyuma, usifunguliwe mpaka vifaranga wakue. Ile theluji mliyotupa iondoeni kwa upande wa juu, mbali na kiota, mkiwa mmeinama, polepole, bila kelele. Chimbeni mtaro juu kule, maji yapite kando. Akisimama au akipiga kelele, acheni, rudini nyuma."

"Na mimi nitawaona wapi?" Abril aliuliza. "Kioo hiki kiko karibu sana."

Daktari Ponce akatoka mbele, akatazama huku na huku, akahesabu hatua kwa macho.

"Pale," alisema. "Pako mbali vya kutosha, na unaona kila kitu."

Alikuwa anaonyesha dirisha la Nilda.

Abril alivaa buti zake akaenda. Hakuaga. Siku nne hakunisemesha. Alikuja kulala tu, na nywele zake zilikuwa zimesukwa na mkono mwingine. Nilikuwa nimeiba mawe ili nimpate mtoto, na sasa nilikuwa nimempoteza kwa amri ya daktari.

Kazi ya mtaro ilikuwa kubwa kuliko sisi wawili. Theluji ya chini ilikuwa imegeuka barafu. Redio ikatangaza upepo wa joto baada ya siku mbili. Nikaumeza wivu wangu na uchungu wake wote, nikaenda kugonga kwa Nilda.

"Nina shida, jirani," nilisema mlangoni. "Mawe yale niliyaleta mimi."

"Najua. Nilikuona Septemba ukipita na ndoo. Mara tatu."

"Na hukusema?"

Nilda akaangalia ndani, Abril alipokuwa amekaa na daftari lake. Akashusha sauti.

"Ningesema, ungeniambia namtaka mwanao. Na kweli namtaka, Zulema. Wangu hata simu hawapigi. Siku ile uliponiambia habari ya nyumba ya amani nilikwenda nikalia bafuni."

Nilikuwa nimemwonea wivu mwaka mzima mtu aliyekuwa akinionea wivu mimi.

"Ndani mna koleo?" nikauliza.

"Yapo mawili. Mume wangu naye amekaa bure, aje atoe jasho."

Tulichimba watu wanne, tumeinama, tukinong'ona kama wezi. Bwana Koti alitutazama. Mara tatu alisimama, na mara tatu tulirudi nyuma tukangoja mpaka akae. Nilda alichimba kuliko wote. Upepo wa joto ulipokuja, maji yalishuka kwa nguvu, yakafika mtaroni, yakageuka kwenda kando.

Yai moja hatukuliwahi. Lilikuwa limeshalowa kabla ya mtaro. Bwana Koti aliliacha likabingirika nje ya mawe, na skua akalichukua. Abril aliona yote kutoka kwa Nilda. Jioni ile alikuja, akasimama karibu na jiko.

"Mama, lile lilikufa kwa sababu yetu?"

"Kwa sababu yangu," nilisema. "Wewe hukujua. Mimi sheria nilikuwa naijua."

"Kwa nini ulifanya hivyo?"

"Nilitaka ukae na mimi."

"Si ungeniambia tu?"

Likabaki yai moja. Bibi Koti alirudi na tumbo limejaa, mumewe akaenda zamu yake baharini. Mlango wa nyuma tuliupigia ubao. Osvaldo alitupa theluji yake mbali, upande wa bahari. Skua alikaa juu ya pipa siku sita, hakupata kitu, akahama. Ndege wale waliacha kushtuka, wakakaa kimya kama hatupo. Mawe niliyarudisha kilimani Februari, ndoo tatu zile zile, baada ya pengwini kuondoka, Daktari Ponce akinisimamia. Na familia iliyokuja kupokea nyumba yetu niliieleza yote, hata yale ya aibu.

Lakini siku ninayoikumbuka ni moja kabla ya Krismasi. Nilikuwa nakanda unga. Nikamwona Abril anatoka kwa Nilda mbio, kichwa wazi, hana glavu. Alipokaribia kona ya nyumba yetu akaacha kukimbia. Akainama, akazunguka mbali na kiota, hatua kwa hatua, mpaka mlango wa mbele. Aliingia anahema.

"Mama, ametoka. Ni wa kijivu, nimeona kichwa."

"Shangazi Nilda anasemaje?"

"Shangazi yuko bafuni, hajui. Nimekuja kukwambia wewe kwanza."

Nilikuwa na unga mpaka viwikoni. Nilimkumbatia hivyo hivyo, akawa mweupe mgongo mzima. Kisha nikachukua koti.

"Twende haraka tukamwambie," nilisema, "kabla hajachungulia mwenyewe."