Nyusi za Jovelyn

Naapa kwa jicho langu lililobaki zima, haya ni kweli tupu. Atakayenikuta na uongo, nitalisha halo-halo mtaa mzima: barafu, maharage, maziwa na vyote.

Jovelyn alikutana na Rodel kwenye ngazi za kituo cha treni pale Cubao, watu wakibanana. Juu alivaa koti la ofisini, chini kaptura na kandambili. Rodel, shati la njano, nywele zinang'aa mafuta, alikuwa anakula kababu za samaki kwa kijiti.

"Dada, nusu yako iko kazini, nusu iko likizo?"

"Kamera inaona nusu ya juu tu, kaka."

Rodel alicheka hadi mchuzi ukamdondokea. Jovelyn hakucheka. Alikuwa akijibu simu za wateja wa ng'ambo kutoka chumbani kwake, kompyuta ikimtazama usoni zamu nzima. Akitazama pembeni, inalia. Akipiga mwayo, inalia. Mwishowe uso ulijifunza kutulia, hata sokoni, hata msibani kwa shangazi yake. Hakuwa na huzuni. Hakuwa na kitu.

Rodel alimpenda, naye alijua anampenda Rodel, kama mtu anavyojua mvua inanyesha kwa jirani.

Siku moja, kwenye ngazi zilezile, Rodel akamshika mkono. "Jove, mpenzi, nikuoe?"

Kwetu mwanamke hahitaji kutamka. Nyusi zikipanda ni ndiyo, kamwite padri. Rodel akazikodolea macho. Zikalala tu. Jovelyn alizisukuma kwa ndani, zikagoma; masikio yake yalikuwa yakisubiri mlio.

"Nimeelewa," Rodel akasema, akashuka ngazi.

Kesho yake Jovelyn akampigia simu.

"Uliniangalia kama ukuta," Rodel akalalamika.

"Nilisema ndiyo."

"Wapi?"

"Ndani."

"Huko ndani mimi sina kamera, mpenzi!"

"Basi njoo. Niulize nikiwa kazini."

Alikuja, akasimama nyuma ya kompyuta. Mlio mmoja tena, na Jovelyn hana kazi.

"Nikuoe?"

Jovelyn akapeleka vidole kwenye paji la uso, akazisukuma nyusi juu. Kompyuta ikalia.

"Jove, inalia!"

"Iache ilie."

Akaondoa vidole. Na nyusi zote mbili, ndugu zangu, zikabaki juu, zikarukaruka kama shomoro, kompyuta ikatoa moshi...

"Ni unyusi mmoja tu, babu."

Nikageuka. Jovelyn, nyuma yangu, pete kidoleni, uso umetulia kama sahani.

"Wa pili tunaungoja," akasema. "Rodel anauliza kila siku."

Haya. Leteni bakuli zenu.