Sauti Isiyo Yake

Lifti ya kituo cha televisheni ilikuwa imesheheni watu, na kila aliyeingia aliishika pua yake. Harufu ya siki ilitoka katika makopo manne ya filamu za kale aliyoyakumbatia binti mtunza maktaba ya picha, mwenye gauni la bluu na kola nyeupe. Mhariri mmoja wa filamu, mikono ya shati ameikunja hadi viwikoni, akamwuliza saladi hiyo ilikuwa ya watu wangapi.

"Ni filamu inaoza, kaka. Wewe cheka tu, zamu yako inakuja."

Penzi halikubisha hodi. Kwa miezi minane simu ya maktaba ililia: mhariri aliomba kopo fulani, akalisahau, akauliza kama mpenzi wake amekula. Hatimaye akaomba kumwona mama. Binti akachagua siku ya onyesho la majaribio la filamu ya mhariri kuhusu mgomo wa kiwanda cha nguo, ili mama amwone mkwe mtarajiwa kazini.

Laiti binti angaliitazama kwanza picha ya kale aliyompa mhariri. Lakini filamu kuukuu haziendeshwi ovyo, naye alilitoa kopo kwa kusoma kibandiko tu: "Wafanyakazi langoni, bila sauti." Katikati ya umati, uso mmoja ukaijaza skrini: marehemu baba yake, kinywa wazi, akinguruma, "Hatutoki!"

Mama akainuka. "Nani amemlisha mume wangu maneno?"

Ukumbini, mhariri alijitetea kwamba picha zisizo na sauti hutiwa sauti, na kwamba kinywa kilikuwa wazi.

"Baba alikuwa bubu tangu kuzaliwa," binti alisema. "Pale alikuwa anacheka."

"Sikujua, mpenzi."

"Hukujua, na hukuuliza. Mimi nilikuwa chumba cha tatu tu kutoka kwako."

Mhariri akaeleza kuwa mkuu wa vipindi ameupenda mlio ule na hataki uguswe. Binti akamjibu kwamba ukirushwa hewani Ijumaa, asimpigie tena maishani. Kwa siku nne mhariri hakupiga. Binti naye, kwa kiburi cha mwenye haki, hakupiga. Kibandiko kimoja akakiandika mara tatu, na mara zote akakikosea.

Ijumaa jioni mama na binti waliketi mbele ya televisheni kama wasubirio hukumu. Umati ukavuma, king'ora cha kiwanda kikalia. Kisha uso wa baba ukaja, na kila sauti ikakatika. Sekunde kumi na moja. Jirani akasikika akiipiga makofi televisheni yake. Baba alicheka, mabega yakimtikisika, na mama akatikisika pamoja naye, machozi yakimtiririka.

Simu ikalia.

"Mkuu amenisimamisha kazi," mhariri alisema. "Nimeitoa sauti ile dakika za mwisho, bila ruhusa. Sikukupigia kwa sababu sikuwa na hakika kama nitathubutu."

Mama akaichukua simu mkononi mwa binti.

"Njoo kesho, mwanangu. Ila usije na maneno mengi. Nyumba hii haikuyazoea."