Karatasi za Kufungia Sambaza

Jua lilikuwa linazama nyuma ya vilima vya Bukavu Patricie alipokwenda kwa Buhendwa, mchuuzi wa vitabu vikuukuu, kuchukua karatasi. Wauza sambaza wa Kamembe, wanaokaanga dagaa hao wa ziwani, wote hufanya hivyo. Mifuko ya plastiki ni marufuku, samaki wa moto hawashikiki mkononi, basi vitabu vikuukuu vya ng'ambo huvushwa daraja la mpakani na kuchanwa ukurasa kwa ukurasa. Jioni ile Buhendwa alibakiwa na kitabu kimoja, kinene, jalada jeusi, bila jina la mwandishi. Kilinuka shaba iliyoungua. Akakitoa bure, na hilo peke yake lingemshtua mwenye akili, maana Buhendwa hatoi bure hata salamu.

Patricie hakushtuka. Akasubiri mafuta yachemke huku akisoma.

Zilikuwa habari za mji uitwao Zarumeki, unaoelea chini ya majua mawili. Watu wake hupumua kwa mapafu ya shaba, na mashine moja kubwa huandika maisha ya kila mmoja kwenye ukurasa wake. Ukurasa ukichanwa, mwenyewe huzimika. Lakini mji ule haukubali kupungua. Humchukua yeyote atakayekula kwanza juu ya ukurasa huo, ajaze nafasi. Kurasa za chini zilikuwa zimegandamana. Ule wa juu tu ndio uliosomeka. Mstari wake wa mwisho ulisema: *Katika Zarumeki kuna kitabu kinachomhusu mwanamke anayekaanga samaki kando ya ziwa. Sasa hivi anasoma mstari huu.*

Patricie akacheka. Akauchana, akamfungia nao sambaza Papa Muderhwa, fundi viatu, jirani yake wa miaka sita.

Kesho yake kigoda cha Muderhwa hakikuwapo. Akauliza watu, wakamuuliza yeye: fundi gani? Akaenda hadi kwa mkewe. Mama wa watu akamtazama kwa huruma, akasema hajawahi kuolewa. Na kwenye kitabu ukurasa wa pili ulikuwa umejifungua. *Fundi amewasili. Anashona mapafu. Analia, lakini mikono yake ni mizuri.*

Mwanamke mwingine angekitupa kitabu kile ziwani. Patricie alikipakata mapajani, akamfikiria Véronique.

Véronique alitoka Bukavu, akatua mbabula yake, jiko la makaa, ng'ambo ya barabara, na foleni ikamhamia. Hilo Patricie angelimeza. Lisilomezeka ni mazoezi ya kwaya, pale Véronique aliposema kwamba kuna mtu anakaanga kwa mafuta ya juma lililopita. Kwaya nzima ilicheka. Larissa, binti yake Patricie, alimsihi mamake kwa majuma matatu apatane na yule mwenzake, na mama akawa anaitikia tu huku roho imemvimba.

Basi Alhamisi, giza likianza kuingia, Patricie akachana ukurasa, akaujaza sambaza moto, akavuka barabara akitabasamu. Alimwambia Véronique ameleta chakula cha kupatana. Larissa alimfuata nyuma, amefurahi hadi machozi yanamlenga.

Mwanamke huyu, kwa chuki yake, alikuwa amesahau jambo ambalo hata mtoto wa huku halisahau. Anayetoa chakula huonja kwanza.

"Aksanti, Maman Larissa," Véronique akasema. "Onja kwanza, njo na mimi nikule."

Patricie akasema ameshiba.

Foleni ikarudi nyuma hatua moja. Neno sumu halikutamkwa, na wala halikuhitajika. Anayekataa kuonja alicholeta mwenyewe amekwisha. Mji mzima utamkimbia, hata kanisani benchi lake litabaki tupu.

"Ni nani anakataaka chakula yake?" Véronique aliuliza polepole.

Larissa aliuona uso wa mamake, akadhani ni aibu. Akainyoosha mikono, akaichukua karatasi.

"Maman haogope kitu. Mi nitaonja."

Patricie angeweza kumpiga mkono, sambaza zikamwagika vumbini. Angeweza kupiga kelele. Lakini macho ya watu wote yalikuwa juu yake...

Akasita. Pumzi moja tu.

Krr.

Samaki mmoja mdogo, kati ya meno.

Harufu ya shaba ikatanda.

Karatasi ikaanguka chini. Mikono iliyoishika haikuwapo.

Véronique akaendelea kugeuza samaki wake. Watu wakaendelea na soga zao. "Unatafuta nini, Patricie?" Véronique akauliza.

Patricie. Si Maman Larissa.

Aliliita jina la mwanawe mpaka sauti ikamkauka. Véronique akamshika bega, kwa huruma ya kweli. "Larissa ni nani? We hauna mutoto, dada. Ikala, nikupe mayi."

Nyumbani kulikuwa na kitanda kimoja. Patricie akafungua kitabu. *Msichana amewasili. Ametobolewa kifua. Kwa kuwa anajua kuandika, amepewa kitabu cha mwanamke anayekaanga samaki.* Hapo akili ilimruka. Akauchana ukurasa huo, akaweka sambaza juu yake, akala zote ili amfuate.

Hakwenda popote. Ila kwenye doa la mafuta ukajitokeza mwandiko aliokuwa akiuona kwenye daftari tangu Larissa anaanza shule.

*Maman, we ulishaandikwa, hauandikwe mara mbili. Ungeonja we mwenyewe, hakuna muntu angeondoka. Nilikuona vile ulisita. Nataka nikuambie kitu moja juu ya ile...*

Mstari uliishia hapo. Kitabuni ukurasa uliofuata ulikuwa wazi na mtupu; mstari uliendelea kwenye ule wa chini yake, na huo ulikuwa umegandamana. Alijaribu kisu. Alijaribu mvuke wa maji moto. Aliomba rozari nzima. Ukurasa ule ulijua kufunguka kwa njia moja tu: mji ujazwe.

Siku ya pili jioni Patricie akawasha makaa kama kawaida. Wa kwanza kuja alikuwa Véronique. Alikuwa ameacha mbabula yake na kuvuka barabara, kwa kuwa alimwonea huruma mwanamke yule asiye na mtu, akataka watu wamwone ananunua kwake.

Hakumwomba aonje. Patricie akaonja mwenyewe, mbele ya wote, samaki wawili, moja kwa moja kutoka kwenye kikaango.

Kisha akachana ukurasa ule mtupu.