Wimbo wa Malakisi

"Huu wimbo umeandikwa na kijana wenu wa hapa Kitale, Kibiwott!" kiongozi wa bendi alipaza sauti. "Amemwandikia mchumba wake, Jepkorir!"

Uwanja mzima ukalipuka kwa shangwe. Rafiki yangu Rahab akanivuta mkono.

"Mchumba? Si mchumba wake ni wewe, Agneta?"

Nilikuwa na miaka kumi na tisa, na Bendi ya Milima Saba nilikuwa nimeipenda tangu shule ya msingi. Kibiwott alijua hivyo. Lakini asubuhi hiyo, nikiwa Bungoma najiandaa, alinitumia ujumbe: "Agy usikuje, tiketi zimeisha. Nitakurekodia."

Nikaja tu, na tiketi nikaipata langoni.

Wimbo ukaanza. "Mikono yako yanukia tumbaku, nishike nisilie..."

Maneno yale yalikuwa yangu. Nilimwimbia Kibiwott kwenye WhatsApp wiki tuliyomzika baba.

Walipomaliza, nilizunguka nyuma ya jukwaa. Kibiwott alikuwa amemshika kiuno msichana mwenye pete mpya.

"Agy! Umefikaje?"

"Huo wimbo ni wa nani?"

"Wacha drama bana. Tutaongea."

"Kwani huyu ni nani?" Jepkorir akauliza.

"Ni shabiki tu. Wa Bungoma."

Shabiki tu. Miaka miwili tulikuwa pamoja.

Kiongozi wa bendi akasogea. "Kuna shida?"

Nikatoa simu, nikaifungua ile sauti niliyotuma mwezi wa pili. Nilisikika nikiimba huku nalia, beti zote, hadi mwisho.

"Kibiwott," kiongozi akasema polepole, "hiyo tumbaku ni ya nini?"

"Ni... ni mafumbo tu."

"Ni ya babangu," nikasema. "Alikausha tumbaku Malakisi maisha yake yote. Huu si wimbo wa mapenzi. Ni wa matanga."

Jepkorir akamgeukia. "Ati umenichumbia na matanga ya watu?"

Akavua pete, akamtumbukizia kwa mfuko wa shati, akaenda zake.

Kiongozi aliniomba msamaha, na kweli wakaandika jina langu kama mtunzi. Siku hizi wimbo huo unachezwa hadi kwa harusi. Kibiwott bado hutuma ujumbe: "Nisamehe Agy, nilitaka tu wanisikie."

Sijawahi kumjibu. Watu hunipongeza, nami natabasamu. Lakini kilio kile nilikitoa kwa mtu mmoja, kwa sababu nilimwamini, na sasa kila mtu anakicheza.