Mkwe Aliyejifunika Kanga

Jua lilikuwa linazama Iyunga, na mzee Gwakisa alishavaa koti lake la kanisani. Alitaka picha. Kesho anafanyiwa upasuaji, na akifa, picha ya kutangulia mbele ya jeneza iwe ya maana, siyo ile ya kitambulisho iliyomfanya aonekane mwizi wa ng'ombe.

Mwanawe, Anyitike, hakuwa amegusa kamera tangu arudi kutoka Kongo miezi minane iliyopita. Miaka kumi na miwili ya kupiga picha za vita ilimnyang'anya usingizi, ikamnyang'anya na mchumba. Lakini baba ni baba.

Akaweka jicho kwenye kamera.

Ikaja harufu ya nguo iliyoungua...

"Mwambie mkeo asogee kwanza," mzee alinong'ona, kainamisha macho. "Si unajua mila zetu Wanyakyusa? Mimi na mkwe hatutazamani."

"Mke gani, baba?"

"Huyo uliyerudi naye. Kila jioni namkuta mlangoni, nageuka. Ana adabu! Miezi minane sijauona uso wake."

Anyitike akaishusha kamera. Akatazama kwa macho yake. Hapakuwa na mtu.

Akarudi kwenye kamera.

Alikuwepo.

Nyuma ya kiti cha mzee, kajifunika kanga ya kijani iliyoungua pembeni.

Aliijua kanga ile. Nje ya Goma, kando ya barabara, kina mama walimfunika nayo marehemu mwenzao, wakamsihi asimfunue. Alingoja wageuke, akaivuta kidogo tu, apate uso. Picha hiyo ilizunguka dunia nzima. Aliona aibu tangu siku ile, na hakumwambia mtu.

"Nisamehe, dada," alinong'ona, machozi yakimtoka. "Nichukue mimi. Mzee wangu muache."



"Piga basi, mwanga unakwisha!" mzee alifoka.

Kidole, kwa mazoea yake, kikabonyeza.

Akaangalia kioo cha kamera. Mwanamke hayupo. Koti la kanisani lipo, mikono ipo magotini. Kuanzia shingoni kwenda juu... kanga ya kijani.

Akapiga tena. Na tena. Vilevile.

"Imetoka vizuri?" mzee aliuliza, anatabasamu. "Watu watanitambua?"

"Watakutambua, baba," Anyitike alijibu, akamkazia macho, akiukariri uso ule kabla giza halijaingia.