Maneno Matamu Evandro Anayajua Yote

– Mama! Nani kaitosa sanamu ya Mtakatifu Antoni kichwa chini kwenye ndoo ya maji?

– Mimi, akajibu Dona Quitéria bila kugeuka kutoka jikoni. Nilisema hatoki humo mpaka akupatie mume. Kumbe nilikuwa namwonea. Mume alishaleta, wewe ndiye usiyemjibu! Mtoe, mfute, umwombe radhi. Evandro yuko kituo cha mabasi, anahamia Fortaleza.

Jandira Lustosa, nyota wa filamu ishirini na mbili, mwanamke ambaye Recife nzima ilimlilia alipokufa kwa kifua kikuu (kwenye sinema, alhamdulillahi), akaketi sakafuni kama gunia la muhogo. Evandro alimchumbia wakati wa Kanivali. Naye alimjibu: "Tutaona."

Akapiga simu.

– Evandro, usiende! Bila wewe moyo wangu ni nyumba isiyo na mlango.

– Hiyo ya filamu ya mjane. Mimi ndiye niliyekushikia karatasi ukikariri.

– Basi... nitakungoja hata mvua ikisahau kunyesha!

– Filamu ya mtawa mtoro. Na siku ile ulilia vizuri zaidi.

Msiba ulikuwa hapo. Evandro, fundi cherehani wa mavazi ya waigizaji, ndiye aliyefanya naye mazoezi miaka yote. Alishasoma sehemu ya mpenzi, ya jambazi, ya mama mkwe, hata ya farasi. Hakuna neno tamu la Jandira ambalo hakuwa amelisikia, tena kwa kurudiwarudiwa.

– Jandira, dereva anawasha gari. Una neno lako mwenyewe, au una ya waandishi tu?

Jandira akafungua kinywa. Akababaika. Mshindi wa tuzo mzima!

– Mimi... asante.

– Asante ya nini?

– Ya filamu yangu ya kwanza. Nilikuwa na neno moja tu, "Moto!", ukanifanyisha mazoezi wiki nzima. Na hukunicheka.

– Nilicheka. Nilitoka nje kwanza.

– Basi asante kwa kutoka nje. Na kwa mama mkwe uliyemsoma kwa sauti ya bata. Na gazeti lilipoandika nimezeeka, ukaniletea tapioka, chapati ya muhogo yenye nazi, ukakaa tu, hukusema kitu. Asante. Sijui kuyapanga haya. Nataka uwe mume wangu. Asante. Nimeshasema asante?

Kisha akamsikia Evandro akigomba kwa mbali:

– Kaka, nishushie sanduku! Siyo hilo, hilo la huyu bibi!

Akarudi kwenye simu akihema.

– Jandira, umeigiza vibaya kupita kiasi. Umejirudia, umekohoa, umelia kabla ya wakati. Mwongozaji yeyote angepiga kelele, "Kata!"

– Kwa hiyo?

– Kwa hiyo nimeamini. Mwambie mama aongeze maharage, nakuja.

Dona Quitéria, aliyekuwa ametega sikio mlangoni kwa heshima zote, alikuwa ameshaongeza.