Maneno Aliyoyameza Batool

Kila siku akitoka shule, Batool alikuwa akipanda hadi ghorofa ya kumi na moja, kupiga hodi, kisha kumtengenezea bibi yake, Nazira, chai ya maziwa. Bibi alihamia Toronto kutoka Tanga akiwa mtu mzima, na Kiingereza kilimkataa katakata. Mama yake Batool, Rukhsana, hufanya kazi kwenye ghala la mizigo karibu na uwanja wa ndege, kule Malton. Basi mkalimani wa Bibi akawa Batool: benki yeye, dukani yeye, hata hospitalini. Mtoto wa miaka kumi na miwili, jamani!

Siku moja Mama alikosa ruhusa kazini, wakaenda hospitalini Bibi na Batool tu. Daktari alizungumza polepole. Dawa mpya hazingemponya Bibi, zingempunguzia maumivu tu. Kama alitaka kusafiri, asafiri sasa, maana baada ya miezi miwili hangeweza.

"Anasemaje?" Bibi aliuliza.

"Anasema dawa ni nzuri, Bibi. Utapona."

"Alhamdulillahi! Basi nikipona nitakwenda Tanga kumwona Ruqayyah. Baridi ikiisha tu."

Ruqayyah ni mdogo wake Bibi. Walikuwa hawajaonana miaka kumi na tisa.

Mama naye aliambiwa uongo uleule. Tangu hapo chakula hakikumpita Batool kooni. Kila Jumapili alimsikia Bibi akimwambia mdogo wake kwa simu, "Nisubiri, nakaribia kupona," na huku nguo zinazidi kumpwaya.

Alhamisi moja Batool alikuwa mezani na kazi ya shule. Mwalimu aliwapa neno moja la Kiingereza, "relieve," wakusanye maana zake.

"Neno moja, maana ngapi?" Bibi aliuliza.

"Nyingi, Bibi. Mama akimpokea mwenzake zamu, ni hilo. Kumtua mtu mzigo, hilohilo. Kumtoa wasiwasi. Na dawa ikipunguza..."

Kalamu ilimdondoka. Ndilo neno alilolitumia daktari. Batool akaangua kilio na kusema yote, hata ile habari ya safari. Mama alikuwa amefika mlangoni, koti la kazi bado mwilini, akasikia kila kitu.

Bibi alisukuma kikombe cha chai pembeni. "Batool," alisema, "ningekufa hapa nikingoja baridi iishe."

"Nisamehe, Bibi. Niliogopa utalia."

"Ningelia, ndiyo. Lakini ningelia nikiwa na Ruqayyah."

Mama alimkumbatia binti yake. "Kosa la kwanza ni langu. Nilikutwisha kazi ya watu wazima."

Kesho yake Mama aliomba ruhusa, na hospitali ikawapatia mkalimani mtu mzima. Bibi alisikia habari yake yote, akauliza maswali, akapewa dawa za safari. Siku ya tisa walimsindikiza uwanja wa ndege, yeye kwenye kiti cha magurudumu. Batool hakuweza kujizuia, alilia mbele za watu.

Bibi alimshika mkono. "Nisikilize, mjukuu wangu. Habari ya mgonjwa ni mali yake, hata ikiwa chungu. Mpe yote, umwachie achague siku zake. Na jambo likikuelemea, mwambie mkubwa siku hiyohiyo. Umesikia?"

"Nimesikia, Bibi."

Jumapili simu ililia kutoka Tanga. Vikongwe wawili walikuwa wakiongea kwa pamoja, wakicheka, hakuna anayemsikiliza mwenzake. Batool alisikiliza hadi mwisho, kisha akaenda jikoni akapakua wali, akala.